Kabla ya Nikahi: Tulichojifunza kwa Mtunzi wa Tamthilia



Sisi ni mafundi wa nguo za harusi. Tuko watatu, na duka letu liko Same, mkoani Kilimanjaro, pembeni ya barabara kuu inayotoka Dar es Salaam kwenda Moshi na Arusha. Milima ya Upare iko nyuma yetu. Wote tuliishia kidato cha nne, tukasomea ushonaji, tukanunua cherehani moja baada ya nyingine. Nguo zetu nyingi huvaliwa hapa mjini na kule juu milimani, lakini kila mwaka Shaabani ikikaribia mizigo yetu hupanda basi hadi Dar es Salaam, kisha boti hadi Unguja. Kwa hiyo baadhi yenu mnaosoma hapa tunavijua vipimo vyenu vya bega na kiuno. Siri yenu iko salama.

Leo hatuandiki juu ya shela wala hina. Tunaandika juu ya tamthilia, kwa sababu dukani kwetu kuna televisheni ukutani na tumeona inavyozungumza na mabibi harusi.

Binti anakuja na mama yake au shangazi yake, anapimwa, anakaa kwenye benchi kusubiri. Tamthilia inaendelea. Baada ya dakika kumi anasema, "Mama wakwe wote ndivyo walivyo." Mwingine anasema, "Mimi mume akinificha simu tu, siku hiyohiyo naondoka." Mwingine, ambaye alikuwa amebakisha wiki tatu aolewe, alituambia kwamba mwanamke akiulizauliza sana kabla ya ndoa anaachwa, na ushahidi wake ulikuwa sehemu ya juzi usiku. Mabinti hawa bado hawajaishi na mama mkwe hata siku moja. Lakini picha yake wanayo tayari kichwani, na picha ile kuna mtu alikaa akaiandika.

Tukajiuliza: huyo anayeandika, anajua anachokipanda katika nyumba za watu?

Binti wa jirani yetu, anayesomea mambo ya habari chuoni, akatuambia kwamba yuko mtu aliyelifanya swali hilo kuwa kazi ya maisha yake. Anaitwa Miguel Sabido, mtunzi na mtayarishaji wa tamthilia za televisheni wa Mexico. Tulicheka. Mexico na Same wapi na wapi? Lakini tulipoendelea kusoma tulikuta kwamba kazi ya mtu huyu ilishafika huku kwetu zamani, tukiwa watoto, na tuliisikiliza kwa masikio yetu bila kujua imetoka wapi.

Msichana wa cherehani

Kisa kinaanzia Peru, Amerika ya Kusini, mwaka 1969. Televisheni ya huko ilianza kuonyesha tamthilia iitwayo Simplemente María, iliyotokana na hadithi ya mwandishi mwanamke wa Argentina, Celia Alcántara. Ilikwenda kwa sehemu zaidi ya 400. María ni msichana wa kijijini anayekuja mjini kutafuta kazi za ndani. Kijana wa kitajiri anamdanganya, anamwachia mimba, anatoweka. María hajui kusoma na mjini hana ndugu. Jioni, kazi zikiisha, anakwenda kusoma kwa mwalimu mmoja aitwaye Esteban, na anajifunza kushona. Anaanza na cherehani moja ya Singer. Miaka inapita, anakuwa mbunifu wa mavazi na mwanamke tajiri mwenye biashara yake.

Mtaelewa kwa nini tulipofika hapo kazi ilisimama kidogo dukani.

Kilichotokea nje ya televisheni ndicho kilichomshangaza Sabido. Wasichana wa kazi walianza kwenda madarasa ya jioni kujifunza kusoma. Wengine walijiandikisha kwenye mafunzo ya ushonaji. Cherehani za Singer zikanunuliwa kwa wingi katika nchi tamthilia ile ilikoonyeshwa, hata kampuni yenyewe ikampa mwigizaji wa María, Saby Kamalich, cherehani ndogo ya dhahabu kama shukrani. Na siku María alipoolewa na mwalimu Esteban, watu wapatao 10,000 walifika kanisani mjini Lima ambako harusi ile ilikuwa ikirekodiwa. Walivaa nguo zao nzuri, na wengine walibeba zawadi. Harusi ya kuigiza, dada zetu! Walijua kwamba wale ni waigizaji. Lakini walikuwa wameishi na María kwa muda mrefu, wakalia naye, na siku ya furaha yake wakaona haifai kukaa nyumbani.

Sasa, hakuna aliyekusudia tamthilia ile ifundishe kusoma wala kushona. Ilitengenezwa ili watu waburudike na matangazo yauzike. Sabido akasema moyoni: ikiwa imefundisha kiasi hiki bila kukusudia, je, mtu akikusudia?

Aliyeuliza kwa nini

Sabido alitokea kwenye michezo ya jukwaani, kisha akafanya kazi Televisa, kampuni kubwa ya televisheni ya Mexico. Aliifumua tamthilia ya María kama fundi anavyofumua gauni zuri la mwenzake ili aone lilivyokatwa. Alisoma pia kazi za Albert Bandura, mwanasaikolojia wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, aliyeonyesha kwamba binadamu hujifunza mengi kwa kumtazama mwenzake anafanya nini, na kisha anapata nini kwa kufanya hivyo.

Mwaka 1975 akatoa Ven conmigo, tamthilia kuhusu watu wazima wasiojua kusoma na wanaoona haya kurudi darasani. Katika sehemu moja wahusika walikwenda kuchukua vitabu vya bure kwenye kituo halisi cha serikali katika mji mkuu. Watazamaji wakaambiwa nao wanaweza kwenda. Siku iliyofuata walifika watu wapatao 25,000. Vitabu vikaisha, barabara zikafungamana. Mwaka 1977 ikafuata Acompáñame, ya dada watatu na maisha yao, iliyogusa kupanga uzazi. Kilichoonyeshwa humo zaidi ni mke na mume kukaa chini na kuzungumza jambo ambalo walikuwa wakilikwepa. Irene Sabido, ndugu yake wa kike, alikuwa mtayarishaji wa baadhi ya tamthilia hizo.

Katika njia yake, tunayoipenda kuliko yote ni namna alivyogawa wahusika. Alisema tamthilia inayofundisha inahitaji watu wa aina tatu. Wa kwanza ni wale wanaofuata mwenendo mwema na wanaona matunda yake. Wa pili ni wale wanaoupinga, nao wanavuna walichopanda. Wa tatu ndio muhimu kuliko wote: wanaoyumba. Hawa ni watu wa kawaida. Wanataka kufanya jambo sahihi lakini wanaogopa, wanarudi nyuma, wanajaribu tena. Mtazamaji hawezi kujiona katika malaika, na hakubali kujiona katika shetani. Anajiona katika yule anayeyumba. Huyo akipata ujasiri, na mtazamaji anapata.

Alikuwa na masharti mengine pia. Kwanza, kabla ya kuandika neno, watu wanakwenda kuuliza jamii inaishi vipi, inaogopa nini, inasema nini nyumbani. Pili, maadili yatakayofundishwa yanaandikwa wazi, na yanatokana na katiba na sheria za nchi, si matakwa ya mtunzi peke yake. Tatu, usimwambie mtu aende mahali ambapo hapana huduma. Ukimwambia mama ajifunze kusoma, darasa liwepo. Ukimwambia akapime, kituo kiwepo na kiwe wazi.

Tunajua wako watakaosema: nani amewapa ruhusa ya kutubadilisha kwa siri? Swali hilo ni la haki, na sisi wenyewe tulijadiliana kwa siku kadhaa, mmoja wetu akiwa hakubali kabisa. Tulipofikia ni hapa. Kila tamthilia inafundisha, iwe ya Kihindi, ya Kituruki au ya Kibongo. Hata Qur'ani tukufu inatulea kwa visa, na kisa cha Nabii Yusuf, alayhis salaam, kimepewa sura nzima. Kinachotofautisha ni kwamba mtunzi wa namna ya Sabido anaandika kwenye karatasi anataka kufundisha nini, na unaweza kumhoji. Wengine wanafundisha na hawasemi.

Ilivyotufikia Same

Kutoka Mexico njia hii ilisafiri. Mwaka 1984 India ikatoa Hum Log, iliyoandikwa na Manohar Shyam Joshi. Mwaka 1987 Kenya ikawa na Tushauriane kwenye televisheni na Ushikwapo Shikamana redioni. Na Julai 1993 Radio Tanzania Dar es Salaam ikaanza kurusha Twende na Wakati. Miongoni mwa walioitayarisha alikuwemo mwanamke, Rose Haji.

Kwa nini kwetu ilikuwa redio na si televisheni? Kwa sababu Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi mwaka 1994. Ninyi wenzetu wa visiwani mlianza 1973, na ya rangi! Sisi huku bara tulikuwa na redio, na redio ilifika hata kule juu milimani ambako gari lilifika kwa shida.

Tunaikumbuka ile saa. Redio ilitolewa nje ikawekwa juu ya kigoda, betri zimepashwa juani mchana ili zipate nguvu. Makande yako jikoni. Watoto tuliambiwa tunyamaze au tuondoke, na tukanyamaza. Bibi mmoja jirani alikuwa akinung'unika kwamba mambo ya chumbani hayasemwi mbele ya watoto, lakini na yeye hakuwahi kukosa.

Mhusika mkuu alikuwa Mkwaju, dereva wa lori. Ana mke, Tunu, na watoto nyumbani, lakini kila anaposimama njiani ana mwanamke mwingine. Anakunywa, anatumia pesa, nyumbani haachi kitu. Fikirini sisi tunavyomsikia Mkwaju tukiwa Same, mji ambao malori na mabasi hupita usiku na mchana! Hakuwa mtu wa hadithi kwetu. Tulikuwa tunaona taa za lori lake. Madereva waliokuja kunywa chai waliitwa "Mkwaju" kwa utani, na wako waliokasirika kweli.

Mwishowe Mkwaju akapata UKIMWI akafa. Tunu, aliyekuwa mnyonge mwanzoni, akajifunza kusimama, akaanzisha biashara yake ndogo. Yeye ndiye alikuwa yule anayeyumba. Na alikuwemo Fundi Mitindo, fundi cherehani, na mkewe Mama Waridi, waliojadiliana juu ya uzazi hadi wakaelewana. Labda hapo ndipo sisi watoto tulipojua kwamba fundi nguo anaweza kuwa mtu wa maana katika hadithi.

Watafiti walifanya jambo la busara. Kwa miaka miwili ya mwanzo mchezo ule haukurushwa na kituo cha Dodoma. Kwa hiyo waliweza kulinganisha watu wa Dodoma na waliousikiliza kwingineko. Waliousikiliza walizungumza zaidi na wenzi wao kuhusu uzazi na kuhusu kujikinga, na wengi zaidi wakaenda zahanati. Mwaka 1995 Dodoma nayo ikaanza kuusikia.

Neno tulilolishika katika utafiti ule ni "walizungumza". Watu waliusikia mchezo, kisha wakageukiana. Mume na mke ambao hawakuwa na pa kuanzia wakapata pa kuanzia: "Umemsikia Mkwaju leo?"

Gauni lililotundikwa

Sasa tuwasimulie jambo la dukani kwetu, ambalo mwenyewe ametupa ruhusa tulisimulie bila jina lake.

Alikuja binti wa kijiji kimoja cha milimani, anaolewa na dereva wa lori anayekwenda Tunduma na kuvuka hadi Zambia. Kijana mzuri, anaswali, familia yake inaheshimika. Tukapima, wakalipa nusu. Alipokuja kujaribu tukapunguza kiuno. Alipokuja mara ya pili tukapunguza tena. Fundi huona mambo kabla ya watu wengine. Bi harusi anayepungua hivyo, mara nyingi hali chakula kwa sababu kuna neno limemkaa kooni.

Tulimuuliza taratibu. Akasema anataka yeye na mchumba wake wakapime kabla ya nikahi, virusi vya UKIMWI na mengine. Amemwambia mama yake, na mama amemkataza. "Utamfukuza mwanaume wa watu. Watasema tunamtuhumu mtoto wao." Siku hiyo aliyemsindikiza alikuwa shangazi yake, mama wa miaka hamsini na kitu, amekaa kimya akinywa chai.

Shangazi akamuuliza, "Mwanangu, unamjua Mkwaju?"

"Mti, shangazi?"

Binti alizaliwa 2001, atamjua wapi? Basi shangazi akaanza kusimulia. Alimsimulia Mkwaju na Tunu kwa karibu saa nzima, na sauti za wahusika akaziigiza. Sisi tukaacha kushona. Alipomaliza akasema, "Tunu alianza kuuliza akiwa na watoto. Wewe bado una nafasi ya kuuliza ukiwa na mshenga. Nitakusemea mimi."

Akalipeleka neno kwa adabu, kupitia mshenga, na akalisema kwa namna ya wote wawili: "Watoto wetu wakapime pamoja." Hakusema "mtoto wenu apimwe".

Upande wa mume wakanyamaza. Siku ya kwanza, wiki ya kwanza, wiki ya pili. Gauni likatundikwa ukutani, limefunikwa na shuka, na kila tuliloshona siku zile lilikuwa gumu mkononi. Mama wa binti alipita akatuambia kwamba sisi na televisheni yetu tumemvunjia mtoto ndoa. Hatukumjibu. Ni mama, na hofu yake tuliielewa.

Siku ya kumi na tisa mshenga akarudi. Bwana harusi amekubali. Alikuwa safarini na simu haikushika, na aliporudi wazee wake walichukua siku kadhaa kushauriana. Ombi lake lilikuwa moja: waende siku moja, waingie pamoja, na majibu yawe yao wawili. Wakaenda. Majibu sisi hatukuuliza, wala hatuyajui. Ndoa ilifungwa Shaabani, na gauni lilimkaa vizuri, kwani tulilazimika kuachia kiuno tena.

Ili tusiwadanganye, yuko na mwingine, mwaka mmoja baadaye, aliyeuliza kwa adabu ileile na mchumba hakurudi. Alilia dukani kwetu. Gauni lake tulilirekebisha akalichukua mtu mwingine, na pesa yake tukamrudishia. Hatutasema kwamba ukiuliza, kila kitu kitakwenda sawa. Tunachosema ni kwamba aliyeondoka kwa sababu ya swali la heshima, angekuwa mgumu zaidi kuulizwa akiwa tayari mume ndani ya nyumba.

Visiwani kwenu bi harusi ana somo wake, anayemfunda. Huku kwetu kazi hiyo mara nyingi ni ya shangazi. Tunaona hadithi nzuri inampa somo au shangazi mahali pa kuanzia. Ni rahisi kuzungumza juu ya Mkwaju kuliko kuzungumza juu ya mchumba aliyekaa sebuleni.

Tunavyotazama siku hizi

Televisheni yetu hatujaizima. Ila tumejiwekea maswali, na tunawauliza mabinti waliokaa kwenye benchi. Wengine wanacheka, wengine wanajibu vizuri kuliko sisi.

La kwanza: katika tamthilia hii nani anapata faida mwishoni? Mara nyingi mtu mwovu anaishi kwenye jumba zuri kwa sehemu 80, na malipo yake yanakuja kwa sehemu mbili za mwisho. Aliyekaa moyoni mwa mtazamaji ni lile jumba.

La pili: nani humu anayumba kama mimi, na nini kinamsaidia? Kama hayupo hata mmoja, na wote ni wema kupindukia au waovu kupindukia, jua kwamba unaburudishwa tu. Burudika, lakini usichukue humo ushauri wa ndoa.

La tatu: hawa watu wanazungumza au wanapeleleza? Tumehesabu katika tamthilia moja mume na mke walivyokaa wakaulizana jambo waziwazi: hakuna. Kila kitu kilijulikana kwa kusikiliza mlangoni au kushika simu. Mtunzi anafanya hivyo kwa sababu siri ndiyo inayokurudisha kesho. Ni mbinu ya kazi yake. Ukiipeleka ndani ya nyumba yako, nyumba haina matangazo ya kuuza.

La nne: hiki ninachofundishwa kinakaa wapi mbele ya dini yangu? Sabido aliyatoa maadili yake kwenye katiba ya nchi yake. Sisi tuna mizani yetu: haki za mke na mume, stara, amana, na kushauriana. Mtu akija na tamthilia nyumbani kwako, mpokee kama mgeni. Mgeni hapangi sheria za nyumba.

Kwa mabinti wanaotaka kushika kalamu

Wako mabinti wanaotuambia kwa siri kwamba wanaandika, madaftari yamejaa, na wanaogopa nyumbani watasema ni kazi ya wahuni. Tunawaambia: kazi ya mtunzi na mtayarishaji wengi wetu hatuijui, tunaijua sura ya mwigizaji tu. Mtunzi anaweza kukaa kwake na stara yake kamili akaandika maneno yatakayoingia katika nyumba zisizohesabika. Mtayarishaji anatafuta fedha, anapanga ratiba, anaajiri watu, anahakikisha kazi imeisha kwa wakati. Hiyo ni biashara kama yetu.

Na wanawake wa Tanzania wanaifanya. Leah Mwendamseke, anayejulikana kama Lamata, ndiye aliye nyuma ya Kapuni na Jua Kali zilizoonyeshwa Maisha Magic Bongo. Seko Shamte aliongoza filamu ya Binti, iliyotoka 2021, yenye visa vya wanawake wanne wa Dar es Salaam. Kukubaliana na kila walichokionyesha si lazima. Lakini kalamu iko mikononi mwa wanawake wa hapa, na nafasi ya binti anayemcha Mungu kuandika ndoa kama anavyoijua iko wazi. Asipoiandika yeye, ataandikiwa.

Neno moja la kibiashara, maana tumeshaona binti akitoa daftari lake kwa mtu na baadaye akaisikia hadithi yake mahali pengine bila jina lake wala senti. Andika tarehe, weka nakala, na kabla hujamwonyesha mtu, uliza utaratibu wa kusajili kazi yako: Bara ni COSOTA, Zanzibar ni COSOZA. Mkataba usomwe na mtu anayejua kabla hujaweka sahihi. Hata kwetu hatukati kitambaa cha mteja bila risiti.

Na wewe bi harusi unayesoma haya huku siku zako zikihesabika: kama kuna swali limekukaa kooni, mtafute shangazi au somo unayemwamini, mpe alipeleke kwa adabu. Kusitasita si aibu, karibu sote tumesitasita. Uliza tu kabla ya nikahi, wakati gauni bado lina nafasi ya kurekebishwa.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu awape mabibi harusi wetu wote waume wema, wanaoulizika na wanaojibu kwa upole, azitie nyumba zao mapenzi na huruma, na awape afya wao na vizazi vyao. Aamiin.

Wabillahi tawfiq.